Kwa nini nafuu ya mdororo wa uchumi humpita kibarua

UCHUMI wa taifa unapodorora, habari hizo humfikia mfanyakazi kabla hazijamfikia mwanatakwimu. Msimamizi huwaita watu wachache ofisini akawaeleza kuwa zamu za usiku zimesitishwa, na Jumatatu inayofuata lango la kiwanda hufunguliwa nusu. Takwimu za kuthibitisha jambo hilo hutolewa miezi kadhaa baadaye, wakati mhusika amekwisha kuuza mbuzi na kuwapeleka watoto kwa nyanya yao mashambani.

Ndivyo ilivyokuwa humu nchini mwaka wa 2020. Wanauchumi husema kuna mdororo iwapo thamani ya bidhaa na huduma zinazozalishwa nchini itapungua kwa robo mbili za mwaka mfululizo. Kenya ilipitia hali hiyo kati ya Aprili na Septemba mwaka huo kutokana na janga la corona. Safari za ndege za abiria kutoka ng'ambo zilisitishwa Machi 25, kafyu ikaanza Machi 27, na mwezi uliofuata ikapigwa marufuku kuingia au kutoka Nairobi, Mombasa, Kilifi na Kwale. Hoteli nyingi za Pwani zilifunga milango. Naivasha, maua yaliyokuwa yakisubiriwa Ulaya yalitupwa, na wachumaji wakaambiwa waende nyumbani hadi watakapoitwa.

Shirika la Takwimu la Kitaifa, KNBS, lilipokamilisha hesabu zake lilitangaza kwamba uchumi ulinywea kwa asilimia 0.3 mwaka huo. Kwa macho ya harakaharaka, huo ni mkwaruzo tu. Lakini wastani una tabia ya kuficha. Kilimo kilistawi mwaka huo, ilhali sekta ya malazi na vyakula ilipungua kwa karibu nusu. Idadi ya watu walioajiriwa nje ya kilimo cha mashamba madogo ilishuka kutoka milioni 18.1 hadi milioni 17.4. Hizo ni nafasi takriban 738,000 zilizopotea katika mwaka mmoja.

Serikali yoyote inapotaka kuufufua uchumi huwa na njia tatu kuu. Inaweza kupunguza ushuru, kulegeza masharti ya mikopo, au kutumia fedha zake yenyewe kununua bidhaa na kuajiri watu. Nia ni kutia pesa mifukoni mwa wananchi ili wanunue, mwenye duka aagize bidhaa zaidi, na kiwanda kiwarudishe wafanyakazi. Kenya ilizitumia njia zote tatu. Jambo ambalo halikujadiliwa vya kutosha ni mifuko hiyo ilikuwa ya akina nani.

Tuanze na ushuru. Kuanzia Aprili 2020, kiwango cha juu cha PAYE kilipunguzwa kutoka asilimia 30 hadi 25, na wote waliopokea mshahara usiozidi Sh24,000 kwa mwezi wakaondolewa ushuru huo kabisa. Ukipiga hesabu kwa viwango vya wakati huo, mfanyakazi wa Sh24,000 aliyekuwa akikatwa takriban Sh1,500 kila mwezi sasa hakukatwa chochote. Mwenye mshahara wa Sh100,000 naye alibaki na zaidi ya Sh6,000 za ziada.

Hilo lilikuwa jambo jema kwa waliobaki kazini. Mpishi wa hoteli aliyepewa likizo bila malipo hakupata hata senti, kwa kuwa hakuna ushuru unaoweza kupunguzwa katika mshahara usiolipwa. Fauka ya hayo, KNBS yenyewe ilionyesha kwamba watu 83 kati ya kila 100 wa idadi hiyo ya walioajiriwa walikuwa katika sekta ya jua kali. Fundi wa magari Gikomba, mama fua wa Kawangware na mwendeshaji bodaboda hawana hati ya mshahara, na nafuu ya PAYE hupitia katika hati hiyo tu.

Ushuru wa VAT, uliopunguzwa kutoka asilimia 16 hadi 14, ulitarajiwa kumfikia kila mnunuzi. Hata hivyo, unga wa mahindi na mboga za sokoni, ambavyo ndivyo humaliza pesa za maskini, havikuwa vikitozwa ushuru huo tangu awali. Aliyefaidika zaidi ni yule anayenunua friji.

Kwa upande wa mikopo, Benki Kuu ilishusha kiwango chake cha riba kutoka asilimia 8.25 hadi 7 katika muda wa miezi miwili, na kuziruhusu benki kupunguza akiba zinazolazimika kuiweka kwake. Uamuzi huo wa akiba uliziachia benki Sh35.2 bilioni. Kufikia mapema 2021, benki zilikuwa zimebadilisha masharti ya mikopo ya takriban Sh1.7 trilioni, ambayo ni zaidi ya nusu ya mikopo yote iliyokuwa mikononi mwa wateja. Hatua hiyo iliokoa biashara nyingi, na sioni sababu ya kuibeza. Lakini mwenye kuahirishiwa mkopo ni yule aliyeaminiwa na benki akakopeshwa. Kibarua hukopa kwa jirani, na jirani naye alikuwa amefutwa kazi.

Ni njia ya tatu pekee iliyomlenga mtu huyu moja kwa moja. Kupitia mpango wa Kazi Mtaani, vijana wa mitaa duni waliajiriwa kuzoa taka, kuzibua mitaro na kufyeka vichaka. Katika awamu ya pili iliyoanza Julai 2020, zaidi ya vijana 270,000 walifanya kazi kwa zamu kwa malipo ya Sh455 kwa siku. Fedha hizo hazikutosha kodi ya nyumba na chakula, lakini zilitumika papo hapo katika vibanda vya mtaa huohuo, na hilo ndilo hasa mpango wa ufufuzi hukusudia.

Haikuwa mara ya kwanza. Mwaka wa 2009, baada ya ghasia za uchaguzi na msukosuko wa fedha duniani, serikali ya muungano ilianzisha Kazi kwa Vijana pamoja na mpango wa Sh22 bilioni wa kuchangamsha uchumi. Msomaji atakumbuka mabwawa ya samaki, 200 kwa kila mojawapo ya maeneobunge 140 yaliyochaguliwa. Kazi kwa Vijana iligubikwa na madai ya matumizi mabaya ya fedha. Miradi ya aina hii hufumwa upesi, na kinachofumwa upesi hukosa mhasibu.

Kwingineko, fedha hutumwa kabla mtu hajafutwa. Mwaka huohuo wa 2009, uchumi wa Ujerumani ulinywea kwa zaidi ya asilimia 5, lakini ukosefu wa ajira haukuongezeka sana. Waajiri walipunguza saa za kazi badala ya watu, na hazina ya bima ya ajira ikawalipa wafanyakazi asilimia 60 ya mapato waliyopoteza, au asilimia 67 kwa wenye watoto. Karibu watu milioni moja na nusu walikuwa katika mpango huo ulipofikia kilele. Kenya isingeweza kuunakili mwaka wa 2020. Haikuwa na hazina ya namna hiyo, na wengi wa wafanyakazi wake hawajulikani na hazina yoyote.

Uchumi ulipoinuka, uliinuka kwa kishindo. KNBS iliripoti ukuaji wa asilimia 7.5 katika mwaka wa 2021 na nafasi mpya za kazi zipatazo 926,000. Kati ya hizo, takriban 172,000 tu zilikuwa katika sekta rasmi. Mhudumu wa hoteli aliyepoteza mkataba, bima na akiba ya uzeeni alihesabiwa kuwa amerudi kazini siku aliyoanza kuendesha bodaboda. Wakati huo, viwango vya VAT na PAYE vilikuwa vimekwisha kurejeshwa kuwa asilimia 16 na 30 kuanzia Januari 1, 2021.

Kinga iliyopo kwa anayepoteza kazi wakati wa mdororo imo katika Sheria ya Ajira ya 2007, na wengi hawaijui. Kifungu cha 40 kinamtaka mwajiri anayepunguza wafanyakazi atoe notisi ya angalau mwezi mmoja, amjulishe afisa wa leba, alipe siku za likizo ambazo hazijatumiwa, na alipe mshahara wa siku zisizopungua 15 kwa kila mwaka mzima wa utumishi. Aidha, kifungu cha 37 kinasema kibarua aliyefanya kazi mfululizo kwa siku zinazotimia mwezi mmoja huhesabiwa kuwa mwajiriwa wa mshahara wa mwezi, hata kama hulipwa kila jioni. Wengi walioitwa vibarua mwaka wa 2020 hawakuwa vibarua machoni pa sheria.

Madai kama hayo sharti yawasilishwe kortini ndani ya miaka mitatu. Kwa waliofukuzwa mwaka wa 2020, muda huo ulikwisha mwaka wa 2023.