Darubini ya Bunduki (2): Fokasi Mbili na Utunzaji wa Vioo

Sehemu ya kwanza ya makala hii ilieleza jinsi darubini inavyofungwa juu ya bunduki na jinsi inavyolinganishwa na mtutu ili risasi ifike pale jicho linapoelekea. Sehemu hii inashughulikia mambo mawili ambayo hupewa uzito mdogo kuliko yanavyostahili, nayo ni kuitengeneza fokasi ya darubini na kuitunza isiharibike. Yamewekwa pamoja kwa makusudi, kwa sababu darubini nyingi zinazotupiwa lawama kuwa ni mbovu huwa hazina kasoro yoyote ila zimeachwa na fokasi isiyolingana na jicho la mtumiaji, na zile ambazo kweli zimeharibika mara nyingi zimeharibiwa na mkono uliokuwa ukizisafisha.

Ili fokasi ieleweke ni lazima kwanza ijulikane taswira inapita wapi ndani ya bomba. Lenzi ya mbele, yaani ile kubwa inayoelekea shabaha, hukusanya mwanga na kuunda taswira ndogo ndani ya darubini, lakini taswira hiyo imepinduka juu chini na kulia kushoto. Muundo huo ulielezwa na Johannes Kepler mwaka 1611. Kwa kuwa mlengaji hawezi kumlenga mnyama anayeonekana miguu juu, lenzi nyingine zimewekwa katikati ya bomba kuigeuza taswira irudi katika hali yake, na ndipo lenzi ya nyuma, ambayo hapa itaitwa lenzi ya jicho, inapoikuza na kuipeleka kwenye mboni. Alama ya shabaha, yaani ule msalaba wa nyuzi nyembamba au mistari iliyochorwa juu ya kioo, huwekwa mahali pale pale taswira inapoundwa. Siri hiyo iligunduliwa na Mwingereza William Gascoigne karibu na mwaka 1640, na inasimuliwa kwamba alionyeshwa na buibui aliyetanda uzi wake ndani ya darubini, ukaangukia hasa penye fokasi, naye akauona uzi na kitu cha mbali kwa pamoja, vyote vikiwa dhahiri.

Kutokana na muundo huo darubini ya bunduki ina fokasi mbili zisizohusiana, na kuzichanganya ndiko chanzo cha usumbufu mwingi. Ya kwanza ni kati ya jicho na alama ya shabaha, ya pili ni kati ya alama hiyo na taswira ya shabaha yenyewe. Ya kwanza hutengenezwa kwa lenzi ya jicho, nayo ni ya mtu binafsi kama miwani ilivyo: ikishalingana na jicho la mwenye bunduki haina haja ya kuguswa tena kila umbali unapobadilika. Mtu anayeizungusha lenzi ya jicho ili amwone swala vizuri zaidi anavuruga kilichokwisha kutengenezwa na hapati anachokitafuta.

Kazi huanza kwa kuhakikisha kwamba bunduki haina risasi: magazini huondolewa, bolti hufunguliwa, na chemba hutazamwa kwa macho na kuguswa kwa kidole. Kisha darubini huelekezwa kwenye ukuta mweupe au kwenye anga tupu, upande ulio mbali kabisa na jua, kwa maana jua likitazamwa kupitia darubini huunguza sehemu ya nyuma ya jicho kwa muda mfupi sana na jeraha hilo linaweza lisipone. Lenzi ya jicho huzungushwa kwenda nje mpaka alama ya shabaha ififie, halafu hurudishwa ndani kidogo kidogo. Hapa pana jambo ambalo maelezo mengi ya viwandani hulitaja kwa neno moja tu na kupita, ilhali ndilo linaloamua kila kitu. Jicho la mwanadamu lina lenzi yake ambayo hubadili unene ili kujirekebisha, na likiachwa likikodolea alama iliyofifia kwa muda, litajikaza lenyewe mpaka alama ionekane safi, na mlengaji atadhani darubini imekwisha kukaa sawa, ilhali kilichorekebika ni jicho. Jicho hilo likichoka, alama hufifia tena. Kwa hiyo inapasa kutazama kwa sekunde 2 au 3 tu, kuondoa uso, kutazama kitu cha mbali, kuzungusha kidogo, na kutazama upya. Pale ambapo alama inaonekana kali tangu nukta ya kwanza jicho linapofika, bila kusubiriwa, ndipo mahali pake. Baadhi ya darubini zina pete ya kufungia lenzi hiyo ili isihame, nayo ikazwe wakati huo huo. Mwenye kuvaa miwani afanye kazi hii akiwa ameivaa, iwapo ndivyo atakavyolenga, na aliyevuka miaka 40 airudie mara kwa mara, kwani uwezo wa jicho kujirekebisha hupungua kadiri umri unavyosonga.

Fokasi ya pili ndiyo yenye mtego mkubwa zaidi, nao huitwa paralaksi. Lenzi ya mbele huunda taswira ya kitu kilicho karibu mahali tofauti kidogo na inapounda taswira ya kitu kilicho mbali, wakati alama ya shabaha imekaa mahali pamoja. Taswira isipoangukia penye alama, vitu hivyo viwili huwa katika kina tofauti, na mlengaji akisogeza kichwa kidogo huona alama ikitembea juu ya shabaha ingawa bunduki haijatikisika hata kidogo. Darubini nyingi za kuwindia zisizo na kirekebishi cha paralaksi hutengenezwa ili paralaksi iwe sifuri kwenye yadi 100, yaani karibu meta 91, na zile za bunduki ndogo ya kaliba .22 aghalabu huwekwa kwenye yadi 50 au 60.

Ukubwa wa kosa linaloweza kutokea unaweza kukadiriwa kwa hesabu nyepesi. Nusu ya kipenyo cha lenzi ya mbele huzidishwa kwa tofauti kati ya umbali wa shabaha na umbali ambao darubini imewekewa, kisha hugawanywa kwa umbali huo wa pili. Darubini yenye lenzi ya milimita 40 iliyowekewa meta 100 ikitumiwa kwa shabaha ya meta 200, kosa la juu kabisa, jicho likiwa ukingoni kabisa mwa mwonekano, ni milimita 20, ambazo kwa mwindaji wa mnyama mkubwa si kitu. Lakini darubini hiyo hiyo ikifungwa juu ya bunduki ya upepo na kutumiwa kwa meta 10, kosa hufika milimita 18, na kwenye karatasi ya shabaha ya umbali huo milimita 18 ni aibu tupu. Ndiyo maana bunduki ya upepo huhitaji darubini iliyotengenezwa kwa ajili yake au yenye kirekebishi.

Kirekebishi hicho huwa ni pete kwenye lenzi ya mbele au kitufe cha pembeni, kushoto mwa bomba, nacho huandikwa namba za umbali ambazo hazifai kuaminiwa kupita kiasi. Kipimo cha kweli ni kuilaza bunduki juu ya mifuko ya mchanga ikae bila kushikwa, kutazama shabaha, kutikisa kichwa polepole juu na chini, na kuzungusha kitufe mpaka alama itulie juu ya shabaha kana kwamba imebandikwa. Darubini isiyo na kirekebishi ina dawa yake pia: jicho liwe katikati kabisa. Likikengeuka, kivuli cheusi chenye umbo la mwezi mwandamo huingia upande mmoja wa duara, na mlengaji mwenye subira hungoja kivuli hicho kitoweke pande zote ndipo afyatue.

Ukuzaji nao una mchango. Upana wa mwanga unaotoka kwenye lenzi ya jicho hupatikana kwa kugawanya kipenyo cha lenzi ya mbele kwa ukuzaji, hivyo lenzi ya milimita 40 hutoa milimita 10 katika ukuzaji wa mara 4 na kama milimita 3.3 tu katika mara 12, na kadiri mwanga huo unavyokuwa mwembamba ndivyo jicho linavyolazimika kukaa katikati zaidi. Kasoro za fokasi nazo hujificha katika ukuzaji mdogo na kujitokeza katika mkubwa. Mchana wa jua kali mbugani ukuzaji mkubwa hukuza mazigazi pamoja na mnyama, shabaha ikacheza kama iko chini ya maji, na hakuna fokasi inayoweza kuituliza. Kupunguza ukuzaji ndiyo busara.

Ama kuhusu utunzaji, ni vyema kujua nini hasa kinachotunzwa. Kioo kitupu hurudisha karibu asilimia 4 ya mwanga kwenye kila uso wake, hivyo mwanga unaopita nyuso 10 hupoteza takriban theluthi moja njiani. Mwaka 1935 Alexander Smakula wa kampuni ya Zeiss, mjini Jena, Ujerumani, alibuni njia ya kupaka vioo utando unaozuia mwanga usirudi, na leo karibu darubini zote zina utando wa namna hiyo, ingawa unene wa tabaka moja ni kiasi cha sehemu moja ya elfu kumi ya milimita. Vumbi la barabarani lina chembe za mchanga, na mchanga ni mgumu kuliko kioo. Anayefuta lenzi yenye vumbi kwa pindo la shati anaipiga msasa.

Utaratibu salama ni kupuliza vumbi kwanza kwa kipulizio cha mpira, kisha kulipangusa lililobaki kwa brashi laini ambayo haijawahi kuguswa na mafuta, na mwisho, ikiwa tu kuna alama ya kidole au doa, kutumia kitambaa cha miwani kilicholowanishwa kidogo kwa maji ya kusafishia lenzi, kuanzia katikati na kuzunguka kuelekea ukingoni. Maji hayo hutiwa kwenye kitambaa, siyo juu ya lenzi. Petroli, tina ya rangi na dawa za kusafishia vioo vya madirisha zikae mbali. Adui asiyetazamiwa ni mafuta ya bunduki yenyewe: mtu hupuliza mafuta kwenye bolti, rasharasha laini huruka na kutua juu ya lenzi ya jicho iliyo juu yake hasa, na baada ya wiki kadhaa huonekana kama ukungu usioeleweka. Lenzi zifunikwe kabla ya kopo la mafuta kufunguliwa.

Maji ndani ya bomba yalikuwa tatizo sugu mpaka mwaka 1947, kampuni ya Leupold ya jimbo la Oregon, Marekani, ilipoanza kuuza darubini zilizojazwa gesi kavu ya naitrojeni na kuzibwa kwa pete za mpira. Tangu hapo ukungu unaotokea ndani ni dalili ya pete iliyokatika, na darubini hiyo ni ya kupelekwa karakana yenye gesi na vifaa. Fundi wa saa anaweza kuifungua, ila gesi ikishatoka hana cha kuirudishia. Ukungu huo wa ndani usichanganywe na umande wa nje, unaotanda bunduki inapotolewa kwenye gari lenye kiyoyozi na kuingia katika joto la Tanga au Mombasa, ambao hukauka wenyewe baada ya dakika chache.

Kwa watu wa pwani hatari kubwa kuliko zote ni kuvu. Mbegu zake zimo hewani daima, na mahali penye unyevu wa zaidi ya asilimia 70 kwa muda mrefu huota juu ya kioo, zikitoa asidi inayokula utando na hatimaye kioo chenyewe. Ikiwahiwa, karakana huweza kuisafisha, ikichelewa huacha makovu ya kudumu. Mkoba wa ngozi au wenye sponji, ambao wengi huuona kuwa ndio ulinzi, hushika unyevu na kuulea, hivyo ni wa safari tu. Nyumbani bunduki ikae katika sefu kavu yenye vifuko vya silika jeli, na vifuko hivyo vibadilishwe au vikaushwe vinapogeuka rangi, kwani vikishajaa maji havina kazi.

Zimebaki skrubu. Bunduki inaporudi nyuma kwa nguvu huzilegeza kidogo kidogo, na ile ya upepo yenye springi huzidi, kwa sababu hutikisa mbele na nyuma kwa pigo moja na huweza kung'oa vioo vya darubini ambayo haikutengenezwa kwa teke la pande mbili. Kuzikaza kupita kiasi nako hubonyeza bomba na kukwamisha lenzi za ndani. Njia rahisi ya ukaguzi ni kuchora mstari mwembamba wa rangi ya kucha unaovuka kutoka kwenye kichwa cha skrubu hadi kwenye pete, baada ya kuikaza kwa kipimo kilichoelekezwa na kiwanda. Siku vipande viwili vya mstari huo vitakapoonekana havikutani, skrubu imehama, na bunduki hiyo irudishwe kwenye uwanja wa shabaha kulinganishwa upya kabla ya kupelekwa porini.