Hiroshi Fujioka: Shujaa aliyevunjika mguu

Jioni ya tarehe 3 Aprili 1971, watoto wa Japani walionyeshwa kwa mara ya kwanza katika televisheni mchezo wa Kamen Rider, yaani Mpanda Pikipiki Mwenye Kinyago. Aliyeigiza nafasi ya shujaa huyo, Takeshi Hongo, alikuwa Hiroshi Fujioka, kijana wa miaka 25 mzaliwa wa jimbo la Ehime, aliyelelewa katika sanaa za kujihami.

Kisa chenyewe, kilichobuniwa na mchoraji Shotaro Ishinomori, si cha furaha. Hongo ni mwanafunzi anayetekwa na genge la waovu liitwalo Shocker, ambalo linaugeuza mwili wake bila ya ridhaa yake na kumpa nguvu za panzi. Anatoroka kabla akili yake haijaguswa. Basi nguvu anazozitumia kuwalinda watu ni zile zile alizotiwa na maadui zake.

Katika sehemu za mwanzo Fujioka mwenyewe ndiye aliyevaa kinyago na kufanya michezo ya hatari, kazi ambayo aghalabu hupewa watu wengine. Mchezo ukiwa bado mchanga, alianguka na pikipiki wakati wa kupiga picha, akavunjika vibaya mguu wa kushoto.

Hapo watengenezaji walitahayari. Njia nyepesi ilikuwa kumuua Hongo hadithini na kuleta shujaa mwingine. Mtayarishaji Toru Hirayama alikataa. Hoja yake ilikuwa kwamba watoto wameshampenda mtu huyu, na kumfisha ghafla ni kuwavunja moyo. Ikaamuliwa isemwe kuwa Hongo amekwenda Ulaya kupambana na waovu huko. Nafasi yake, kuanzia sehemu ya 14, ikashikwa na Takeshi Sasaki, rafiki yake Fujioka, aliyekubali kwa nia ya kumshikia mahali mpaka apone. Ni nadra kuona biashara ya televisheni ikiwafikiria watazamaji wadogo kiasi hicho.

Ajabu ni kwamba Sasaki hakuwa na leseni ya pikipiki. Awali shujaa alibadilika kwa upepo wa mwendo kasi. Sasa ikabidi abadilike akiwa amesimama, kwa ishara za mikono. Ishara hizo ndizo zilizoigwa na watoto nchi nzima, na Fujioka aliporejea naye akawa na zake.

Umaarufu huo ulikuwa na upande wake mwingine. Kampuni ya Calbee iliuza vitafunio vilivyoambatana na kadi za Kamen Rider, na watoto wengi wakawa wanachukua kadi na kutupa chakula, jambo lililozusha malalamiko makubwa. Wazazi wenye watoto wanaokusanya picha za wachezaji mpira hawahitaji kuelezwa zaidi.

Fujioka alirudi moja kwa moja katika sehemu ya 53, mwaka 1972, na mchezo ukamalizika Februari 1973 baada ya sehemu 98. Mwaka huo huo aliigiza katika filamu ya kuzama kwa Japani, na mwaka 1984 katika filamu ya Kimarekani, Ghost Warrior, akiwa samurai aliyegandishwa kwenye barafu. Ni katika kipindi hicho alipoongeza alama ya mkato mwishoni mwa jina lake, kuonyesha kuwa yeye bado hajakamilika. Mpaka leo jina lake huandikwa hivyo kwa Kijapani.

Kizazi kilichofuata kilimjua kwa matangazo ya michezo ya kompyuta ya Sega ya mwaka 1997 na 1998, akiwa mcheza judo mkali na mchekeshaji. Huyo hakupata Hirayama wa kumtetea: katika tangazo la mwisho anaangamia akizuia kombora.

Hongo yeye aliendelea kuishi. Machi 2016 ilitoka filamu ya Kamen Rider 1, na ndani yake Fujioka, akiwa na miaka 70, alipanda tena pikipiki.