Injini ya Dizeli na Namba za Hitilafu

Chukua pampu ya baiskeli. Ziba tundu lake kwa kidole, kisha sukuma mpini kwa nguvu mara kadhaa. Gusa sehemu ya chini ya pampu. Je, unahisi nini? Hewa inapobanwa hupata joto.

Injini ya dizeli hutumia kanuni hiyo. Mjerumani Rudolf Diesel alifaulu kuiendesha mwaka 1897. Pistoni hubana hewa ndani ya silinda mpaka joto lake hufikia mamia ya nyuzi za Sentigredi. Kisha mafuta hunyunyizwa ndani, nayo huwaka bila cheche. Basi injini hii huhitaji hewa safi, mafuta safi na mbano wa kutosha.

Fikiria gari dogo la dizeli linalotoka Nanyamba kwenda Newala. Kwenye mwinuko nguvu zinapungua, na taa ya injini inawaka mbele ya dereva. Magari ya siku hizi yana kompyuta ndogo na vitambuzi vinavyopima joto, hewa na mafuta. Kipimo kisipokuwa sawa, kompyuta huhifadhi namba ya hitilafu. Fundi huchomeka kifaa cha kusomea chini ya usukani na kuiona namba hiyo.

Tuseme namba ni P0087. Maana yake ni kwamba kanieneo ya mafuta iko chini mno. Fundi mwenye haraka atanunua pampu mpya kwa fedha nyingi. Lakini namba haikusema kwamba pampu ni mbovu. Imesema tu mahali pa kuchunguza. Fundi hodari huanza na mambo rahisi:

(a) Je, tangi lina dizeli ya kutosha?
(b) Je, chujio la mafuta limeziba, au lina maji? Dizeli iliyowekwa katika madumu machafu huleta uchafu na maji.
(c) Je, mipira ya mafuta inavuja?
(d) Mwisho, je, pampu ni nzima?

Baada ya kutengeneza, fundi hufuta namba na kuliendesha gari. Namba ikirudi, chanzo bado kipo. Kufuta namba peke yake si kutengeneza gari.

Tahadhari: Usiguse mabomba ya mafuta injini ikiwa inanguruma. Mafuta yenye kanieneo kubwa huweza kutoboa ngozi.

Maswali
1. Kwa nini injini ya dizeli haihitaji cheche?
2. Chujio lililoziba hupunguzaje nguvu za gari?
3. Kwa nini pampu huchunguzwa mwisho?