Uvumi na Ukweli katika Filamu Fupi ya Tilik
Tilik, filamu fupi ya Kijava iliyoongozwa na Wahyu Agung Prasetyo mwaka 2018, ilipata umaarufu mkubwa nchini Indonesia ilipowekwa YouTube Agosti 2020. Wanawake wa kijijini wamepanda lori kwenda kumjulia hali mkuu wa kijiji hospitalini. Njiani Bu Tejo anamsengenya Dian, msichana ambaye hajaolewa, kwa habari alizozipata mtandaoni. Baadhi ya watazamaji waliiona filamu kuwa onyo dhidi ya uvumi. Wengine waliiona inawadhalilisha wanawake. Mvutano huo unachochewa na tamati yake: Dian anaonekana garini na mwanamume aliyemzidi sana umri. Hivyo, utetezi wa Yu Ning, anayehimiza habari zichunguzwe kwanza, unadhoofishwa na msuko wenyewe.