Maana ya Jina na Ushahidi Wake

Katika Gatongora, upande wa Ruiru, ambako watu wa kila kabila wamekuja kujenga na kupanga, si ajabu kumkuta mzazi kijana, mtoto wake hajatimiza juma, akisoma kwenye simu orodha ya majina ambayo kila moja limeandikiwa maana tamu: binti wa shujaa, malkia mpole, baraka ya mbingu. Utamu huo ndio wa kwanza kutiliwa shaka, kwa kuwa orodha hizo aghalabu hunakiliana, na wingi wa wanaonakili hauongezi ushahidi hata chembe.

Mwenye kutaka hakika na aanze kwa kuuliza jina ni la lugha gani, wala asiridhike kuambiwa kwamba ni la Kiafrika. Wambui na Wambua yanakaribiana masikioni, na huenda wenye nayo wanakaa ploti moja. Lakini la kwanza ni la Kikuyu, la mmoja wa mabinti wa Mumbi, mama wa Wakikuyu katika masimulizi yao, mabinti ambao koo za Wakikuyu hujinasibisha nao, ilhali la pili ni la Kikamba, la mwanamume, nalo latokana na mvua. Mvua hiyo hiyo imo katika Okoth la Kijaluo na katika Nyambura la Kikuyu. Ila Nyambura halitoi habari kwamba mtoto alizaliwa siku ya mvua, kwani nalo ni la binti wa Mumbi, na ukoo wake, Ethaga, ulisifika tangu kale kwa ilimu ya kuteremsha mvua.

Baada ya lugha ndipo kamusi. Majina ya Kikuyu Kariuki na Njoki yana mashahidi wazi, maana vitenzi vyake vinajulikana: kũriũka ni kufufuka, na gũcoka ni kurudi. Kamusi ya Kikuyu aliyoihariri T. G. Benson, iliyotoka mwaka 1964, huziandika irabu ũ na ĩ kwa alama zake, alama ambazo vyeti vyetu aghalabu huziacha. Na atafutaye pasipo hizo huweza kuangukia neno jingine kabisa.

Hata hivyo kamusi haimalizi kazi, na hapa ndipo orodha za simu zinapopotosha zaidi. Maadamu kwa desturi ya Wakikuyu binti wa kwanza huitwa kwa jina la mama wa baba yake, na wa pili kwa la mama wa mama yake, mtoto aitwaye Wangari, ijapokuwa ngari ni chui, hakuitwa kwa ajili ya chui, bali kwa ajili ya bibi yake. Maana ya neno ni jambo moja, na sababu ya kupewa jina ni jambo jingine.

Kwa hiyo, mzazi, kabla hujafungua orodha yoyote, mpigie simu cucu, yaani bibi, wa mtoto, umuulize jina hilo lilikuwa la nani, nawe uliandike pamoja na alama zake.