Kabla hujasema "Zima makelele hayo!"

MLANGO wa chumba umefungwa. Ndani, gitaa zinaunguruma na mtu anapiga mayowe kwa Kiingereza. Mzazi anagonga: "Zima makelele hayo!"

Huenda mtoto anasikiliza Hybrid Theory, albamu ya kundi la Linkin Park kutoka California, Marekani. Ilitoka Oktoba 24, 2000, na mwaka uliofuata iliuzwa kuliko albamu nyingine yoyote nchini humo. Ndiyo iliyoingiza muziki wa nu-metal, yaani roki nzito iliyochanganywa na rap, katika nyumba nyingi duniani.

Kundi hilo lilianza kwa vijana wawili, Mike Shinoda na mpiga gitaa Brad Delson, waliokuwa wakirekodi nyimbo za majaribio chumbani kwa Shinoda. Mwaka 1999 walimpata mwimbaji Chester Bennington kutoka Arizona. Baadaye wakaingia studio na mtayarishaji Don Gilmore. Kazi ya kuchanganya sauti alipewa Andy Wallace, yule yule aliyechanganya Nevermind ya Nirvana.

Ukisikiliza kwa utulivu, utagundua si kelele tupu. Mara nyingi wimbo huanza taratibu kwa kinanda au midundo ya kompyuta. Shinoda anarap kama mtu anayezungumza, huku DJ Joe Hahn akikwaruza santuri. Kikifika kiitikio, gitaa zote huingia kwa pamoja na Bennington hupaza sauti hadi inakwama kooni. Kisha utulivu unarudi. Nyimbo ni fupi, za takribani dakika 3, na zote 12 hazifikishi dakika 40. Tena, albamu nzima haina tusi hata moja.

Mayowe yale yalikuwa na chanzo. Bennington alieleza hadharani kwamba alinyanyaswa kingono akiwa mtoto na akaogopa kusema. Wazazi wake walitengana akiwa na miaka 11, na baadaye alitumbukia kwenye dawa za kulevya. Wimbo Crawling, unaohusu mtu aliyeshindwa kujitawala, ulishinda tuzo ya Grammy mwaka 2002. Umaarufu haukumaliza maumivu. Julai 20, 2017, alijiua akiwa na miaka 41.

Si kila kijana anayependa muziki huu ana matatizo. Wengi hufurahia tu mdundo. Lakini mzazi anayefoka mlangoni hawezi kujua mwanawe yuko upande gani.

Ingia, keti, omba akuchezee wimbo anaoupenda zaidi. Muulize unamgusa wapi, kisha nyamaza umsikilize. Akikuambia kuna mtu anamuumiza, mwamini na uchukue hatua. Akitaja kutamani kufa, usimkemee wala kumcheka. Kaa naye karibu, na mpeleke kwa mtaalamu wa afya siku hiyo hiyo.

Sauti ya redio unaweza kumwomba apunguze baadaye.