Gazeti dogo la Lexington

Gazeti la mji mdogo ni kama baraza la kijiji: humo twapata habari za arusi na misiba, bei ya mavuno na mashauri ya tribinali. Lakini iko siku ambapo lapaswa kusema neno wasilolitaka wakubwa. Hapo ndipo tunapojua kama ni gazeti kweli. Leo twapenda kuwasimulia habari za gazeti moja la namna hiyo, Lexington Advertiser, lililotoka kila juma katika wilaya ya Holmes, jimbo la Mississippi, kule Marekani.

Nchi ile ni nchi ya pamba. Wakaaji wengi wa wilaya hiyo walikuwa watu weusi, lakini mali, serikali na kura vilikuwa mikononi mwa wazungu. Mwaka 1943 mwanamke mzungu mwenye umri wa miaka 29, Hazel Brannon, alilinunua gazeti hilo. Baadaye aliolewa, akaitwa Hazel Brannon Smith. Tusidhani kwamba alitaka kupindua desturi za kwao: siku zile hata yeye alikubali watoto weusi na weupe wasome mbalimbali. Neno moja tu hakulikubali, yaani sheria iwalinde hawa na kuwaacha wale.

Mwaka 1954 mkuu wa polisi wa wilaya alimpiga risasi ya mguu kijana mweusi asiye na silaha. Bibi Smith aliiandika habari hiyo, akasema waziwazi kwamba mkuu huyo hafai kazi yake. Mkuu akamshtaki, na tribinali ikamhukumu bibi kulipa dola 10,000. Mwaka 1955 mahakama kuu ya jimbo ikaifuta hukumu hiyo.

Je, mambo yakaisha? La, hasha! Gazeti dogo haliishi kwa senti za wasomaji peke yao. Laishi hasa kwa matangazo ya wenye maduka. Adui zake walijua kwamba mkono mtupu haulambwi. Mume wake, aliyekuwa msimamizi wa hospitali, akaachishwa kazi. Wenye maduka wakaacha kumletea matangazo, wengine kwa chuki, wengine kwa hofu tu. Mwishoni mwa miaka ya 1950 likaanzishwa gazeti jingine mjini, ili lake life.

Bibi Smith akakopa fedha, akaendelea. Tena mashine zake zikapiga chapa gazeti la watu weusi waliodai haki zao. Mwaka 1964 akapewa tuzo ya Pulitzer kwa makala zake; ni mwanamke wa kwanza kuipata kwa kazi hiyo. Walakini tuzo hailipi madeni. Mwaka 1985 gazeti likafa kwa kufilisika, naye akapoteza hata nyumba yake. Alifariki mwaka 1994.

Basi, tujiulize: nani aliyeliua gazeti lile? Wenye chuki, ndiyo. Lakini hata wale wapole walionyamaza, waliomwona yuko sawa mioyoni mwao, wasithubutu kumletea tangazo moja. Nasi tunapenda kusifu ukweli unapowagusa majirani. Siku utakapotugusa sisi wenyewe, je, tutalinunua gazeti lililouandika?